Mwimbaji Akiondoka, Bendi Hubaki na Nini?

Hakuna jaribio kubwa kwa bendi ya muziki kama kuondokewa na mwimbaji wake kiongozi. Mpiga gitaa la besi akiondoka, ni wachache ukumbini watakaogundua. Mpiga ngoma akibadilishwa, huenda mashabiki wasijue hata jina la aliyekuja. Lakini mwimbaji ndiye uso wa bendi, na ndiye anayetambuliwa redioni kabla ya mtangazaji kutaja jina la wimbo. Siku anapotoweka, iwe kwa kifo, kwa kuhama au kwa kustaafu, watu huanza kuulizana iwapo bendi yenyewe ingalipo. Jibu la swali hilo halitolewi kwa matangazo. Hutolewa na kazi ya kwanza ambayo bendi huirekodi ikiwa na sauti mpya.

Ndugu zetu wa Jeshi na wa Polisi hawahitaji kuelezwa kwa kirefu maana ya makabidhiano. Kikosi hubadilisha kamanda, kombania hubadilisha sajini meja wake, na asubuhi inayofuata gwaride huanza saa ile ile. Anayepokea hukagua silaha, husoma daftari, huwatazama askari wake machoni, kisha kazi huendelea. Tena vikosi vina bendi zao, na mwimbaji aliye askari huhamishwa, hupandishwa cheo, na mwisho wake hustaafu. Kwa hiyo swali hili si la kumbi za starehe pekee. Ni swali la kambini pia.

Hapa Kigali lina uzito wa pekee. Katika miaka ya 1970 na 1980 mji huu ulikuwa na bendi zilizopendwa sana, na miongoni mwao ilikuwamo Impala. Sauti moja iliyowavuta watu kwa bendi hiyo ilikuwa ya André Sebanani, mwimbaji ambaye pia alijulikana kwa uigizaji wake katika michezo ya Radio Rwanda. Sebanani aliuawa katika mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi ya mwaka 1994. Aliuawa pia Cyprien Rugamba, mshairi na mtunzi mkubwa, tarehe 7 Aprili mwaka huo. Wengine wengi walikwenda pamoja nao. Muziki wa Rwanda haukupata nafasi ya kukabidhiana. Hapakuwa na mkuu wa bendi wa kumwita kijana kando na kumwambia, "Wimbo huu huanza hivi, na hapa ndipo unapovuta pumzi."

Basi ni vyema kuangalia jinsi bendi nyingine zilivyovuka mtihani huo, karibu na mbali, ili tujue ni nini hasa kinachobaki sauti inapoondoka.

MSIBA WA LONDON

Mfano unaotajwa zaidi duniani unatoka katika muziki wa roki, muziki ambao kwetu haujapata wapenzi wengi kama rumba, lakini kisa chenyewe kinafahamika kwa mtu yeyote aliyewahi kumzika mwenzake na kesho yake akarudi kazini.

Bendi ya AC/DC iliundwa mjini Sydney, Australia, mwaka 1973, na ndugu wawili, Malcolm na Angus Young. Malcolm alishika gitaa la rithimu, Angus gitaa la solo. Mwaka 1974 alijiunga nao Bon Scott, mwimbaji mwenye mzaha na sauti ya kukwaruza. Kwa miaka mitano na zaidi walizunguka katika kumbi ndogo na kubwa, hadi mwaka 1979 santuri yao iliyoitwa "Highway to Hell" ilipowafungulia milango ya Marekani. Mtayarishaji wa santuri hiyo alikuwa Robert John Lange, aliyezaliwa mwaka 1948 mjini Mufulira, katika nchi ambayo leo ni Zambia.

Tarehe 19 Februari 1980, Bon Scott alikutwa amekufa ndani ya gari mjini London baada ya usiku wa ulevi. Alikuwa na umri wa miaka 33. Uchunguzi wa mahakama ulisema kwamba pombe ndiyo iliyomwua. Hivyo bendi ilipoteza sauti yake wakati ule ule ilipokuwa mlangoni mwa mafanikio, ikiwa tayari imeanza kuandaa nyimbo za santuri iliyofuata.

Wengi walidhani mambo yamekwisha, na ndugu wa Young wenyewe walifikiri kuacha. Lakini katika mazishi huko Australia, baba wa marehemu aliwaambia waendelee na kazi. Neno hilo lina uzito mkubwa. Waliofiwa ndio wenye haki ya kwanza ya kusema iwapo kazi ya marehemu ifungwe au iendelee, na hapa waliifungulia njia. Malcolm na Angus walirudi chumbani na magitaa yao, wakaendelea na nyimbo walizokuwa wamezianza. Kisha wakaanza kutafuta mwimbaji.

Aliyepatikana aliitwa Brian Johnson, mtu wa kaskazini ya Uingereza, karibu na mji wa Newcastle. Askari wetu wataona jambo la kuvutia katika maisha yake. Baba yake alikuwa sajini meja katika jeshi la Uingereza, kikosi cha Durham Light Infantry. Brian mwenyewe, alipokuwa kijana asiye na fedha, alijiunga na askari wa miavuli wa akiba ili malipo yake yamwezeshe kununua vipaza sauti vya kuimbia. Kwa maneno mengine, aliruka kutoka angani ili apate kusimama jukwaani. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 aliimba katika bendi ya Geordie, ikapata umaarufu wa muda, kisha ikafifia. Mwaka 1980 alikuwa akijipatia riziki kwa kutengeneza mapaa ya magari.

Inasimuliwa kwamba marehemu Scott mwenyewe aliwahi kumwona Johnson jukwaani na kuwasifia wenzake jinsi mtu yule alivyopiga kelele huku akigaagaa sakafuni. Baadaye ilijulikana kwamba usiku ule Johnson alikuwa akiumwa kidole tumbo. Kwa hiyo sifa iliyomfikisha AC/DC ilitokana, kwa sehemu, na maumivu halisi. Alipoitwa London kujaribiwa, aliimba wimbo mmoja wa bendi hiyo na mmoja wa Tina Turner. Mwishoni mwa Machi 1980 alikuwa amekwisha kuchaguliwa. Tangu kifo cha Scott zilikuwa zimepita wiki sita hivi.

KENGELE NA JALADA JEUSI

Mwezi wa Aprili bendi ilikwenda visiwani Bahamas, katika studio ya Compass Point, Nassau, pamoja na yule yule Lange wa Mufulira. Hapa ndipo penye somo la kwanza. Katika bendi kilibadilika kitu kimoja tu. Malcolm na Angus walikuwa pale pale, Cliff Williams kwenye besi na Phil Rudd kwenye ngoma walikuwa pale pale, na mtayarishaji alikuwa yule yule. Mgeni alikuta safu iliyosimama. Hakuombwa kuijenga bendi. Aliombwa kusimama mahali palipo wazi na kuimba.

Somo la pili ni kwamba hawakutafuta mtu wa kumwigiza marehemu. Scott aliimba kama mtu asimuliaye kisa barazani, kwa hila na kicheko. Johnson alikuwa na sauti ya juu, kali, inayopasua kama tarumbeta. Mtu aliyeyasikia majina hayo mawili hakuweza kuyachanganya. Tena maneno ya nyimbo yaliandikwa na Johnson pamoja na ndugu wa Young, ndipo mgeni akapata kuimba maneno yake mwenyewe badala ya kuvaa koti la mtu aliyekufa.

Somo la tatu ni heshima. Santuri ilipotoka tarehe 25 Julai 1980, ilikuwa na jalada jeusi tupu, ishara ya matanga, na jina lake likawa "Back in Black", yaani kurudi katika nguo nyeusi. Wimbo wa kwanza unaanza kwa mlio wa kengele, taratibu, pigo kwa pigo. Walitaka kwanza kuirekodi kengele ya mnara wa mji wa Loughborough, Uingereza, mnara uliojengwa kuwakumbuka wanajeshi wa mji huo waliouawa katika Vita Kuu ya Kwanza. Ndege waliokuwa wameweka makazi mnarani waliharibu sauti kwa kupiga mabawa. Ndipo ikarekodiwa kengele nyingine iliyokuwa ikitengenezwa kwa ajili ya bendi katika kiwanda cha kengele cha mji huo huo. Askari aliyesimama wima wakati tarumbeta ya mwisho inapopigwa juu ya kaburi la mwenzake ataelewa kwa nini walianza hivyo. Kwanza marehemu aliagwa, ndipo dansi ikaanza.

Onyesho la kwanza la Johnson lilikuwa Namur, Ubelgiji, tarehe 29 Juni 1980, mwezi mmoja kabla ya santuri kutoka. Baada ya hapo, mashaka yalikwisha upesi. Santuri ilishika nafasi ya kwanza Uingereza na Australia, na ya nne Marekani. Katika Marekani peke yake imethibitishwa kuuzwa zaidi ya nakala milioni 25, hesabu ambayo ni santuri chache mno duniani zimewahi kuifikia.

Isidhaniwe kwamba kila bendi huvuka namna hiyo. Jim Morrison, mwimbaji wa bendi ya Marekani iliyoitwa The Doors, alifariki mjini Paris Julai 1971. Wenzake hawakuleta mwimbaji mpya. Waligawana kuimba wao wenyewe, wakatoa santuri moja mwaka ule ule na nyingine mwaka 1972, kisha mwaka 1973 bendi ikavunjika. Walikuwa wapigaji hodari, lakini mahali palipoachwa wazi pakabaki wazi, na kila msikilizaji akapaona.

VITA YA WAIMBAJI DAR ES SALAAM

Kifo si njia pekee ya kupoteza mwimbaji. Katika Afrika Mashariki, aghalabu mwimbaji huondoka kwa miguu yake mwenyewe, tena akavuka barabara tu na kuingia katika bendi ya jirani. Hakuna mji uliolijua jambo hilo kama Dar es Salaam.

Mwaka 1964 chama cha wafanyakazi cha Tanganyika, NUTA, kilianzisha bendi yake, NUTA Jazz, na wanamuziki wakawa wafanyakazi wenye mshahara. Mtindo huo ulienea. Jeshi likawa na Mwenge Jazz, Jeshi la Kujenga Taifa likawa na Kimulimuli, Polisi wakawa na Polisi Jazz, na Magereza nayo ikawa na bendi yake. Katika bendi hizi vyombo vilikuwa mali ya taasisi. Magitaa, ngoma, vipaza sauti na matarumbeta vilifungiwa stoo ya mwajiri. Mwanamuziki akiondoka, aliondoka na kipaji chake tu.

Mwimbaji mkuu wa NUTA Jazz alikuwa Muhiddin Maalim Gurumo, mmoja wa waliokuwapo tangu mwanzo wa bendi hiyo. Mwaka 1978 iliundwa bendi mpya iliyoitwa Mlimani Park, chini ya kampuni ya usafiri na teksi, na Gurumo akahamia huko. Hasani Rehani Bitchuka, mwenye sauti ya juu iliyo laini, akawa pamoja naye. Waliungana na mpiga gitaa Abel Balthazar na fundi mkongwe Michael Enoch, na mtindo wao ukaitwa Sikinde, jina lililotoka katika ngoma ya Wazaramo. Bendi waliyoiacha nyuma, ambayo wakati huo ilikuwa imebadilishwa jina na kuitwa JUWATA Jazz, haikufa. Iliendelea na mtindo wake wa Msondo, ikakuza waimbaji wengine, na miongoni mwao alikuwa Moshi William, aliyekuja kuwa sauti kubwa ya bendi hiyo hadi alipofariki mwaka 2006.

Kampuni ile ya teksi iliposhindwa kazi, Mlimani Park ilichukuliwa mwaka 1983 na Shirika la Maendeleo la Dar es Salaam, DDC. Miaka miwili baadaye likaja pigo. Mwaka 1985 Hugo Kisima, mmiliki wa Orchestra Safari Sound, aliwaachisha kazi wanamuziki wake, kisha akawavuta watu wa mstari wa mbele wa Mlimani Park kwa kuwaahidi hali bora. Waliokwenda ni pamoja na Gurumo, Bitchuka na Balthazar. Bendi mpya ikaitwa International Orchestra Safari Sound, na mtindo wake Ndekule.

Fikiria, ndugu msomaji, hali ya mkuu wa bendi asubuhi ya siku hiyo. Vyombo vipo stoo, ukumbi umekwisha kutangazwa, na waliozoeleka kushika kipaza sauti hawapo. Wakati huo Tanzania haikuwa na kiwanda cha kutengeneza santuri, na bendi zilirekodi nyimbo zao katika studio ya Radio Tanzania Dar es Salaam. Kwa hiyo mtihani wa sauti mpya ulifanyika hewani, mbele ya nchi nzima. Wimbo uliporushwa, msikilizaji wa Mwanza na wa Mtwara alijua siku hiyo hiyo kama Sikinde ingali Sikinde.

Nayo ilikuwa ingali Sikinde. Michael Enoch alikuwa amebaki, na pamoja naye mpangilio wa magitaa na matarumbeta uliokuwa ndio alama ya bendi. Waimbaji wapya waliingizwa katika mpangilio huo, na mashabiki wakaendelea kujaa. Ndekule nayo ilipata sifa kwa muda, lakini mwanzoni mwa miaka ya 1990 Gurumo alikwisha kurudi katika bendi yake ya zamani ya Msondo, na Bitchuka naye alirudi Sikinde. Gurumo aliimba hadi uzeeni, akafariki Aprili 2014. Bendi zilizoachwa zilidumu kuliko bendi iliyoundwa kwa kuwachukua watu wao.

Kwa nini? Kwa sababu aliyenunua waimbaji alinunua sauti, lakini mtindo haukuwa ndani ya koo la mtu mmoja. Mtindo ulikuwa katika mazoezi ya kila siku, katika namna gitaa la solo linavyomjibu mwimbaji, katika kukubaliana ni wapi matarumbeta yaingie na ni wapi yanyamaze. Mambo hayo hayawezi kuhamishwa kwa mshahara.

MAKOMANDOO WA LANGATA

Mfano wa tatu unatoka jeshini moja kwa moja. Mwaka 1970, katika kambi ya Langata, Nairobi, askari wa kikosi cha saba cha Kenya Rifles waliunda bendi iliyoitwa Maroon Commandos. Kiongozi wake alikuwa Habel Kifoto, mtu wa Taita, mpiga gitaa, mtunzi na mwimbaji. Mwanzoni walipiga zaidi nyimbo za bendi nyingine kwa ajili ya kuwaburudisha wanajeshi wenzao.

Mwaka 1972 bendi ilipata ajali mbaya ya barabarani. Mmoja wao akafa na wengine wakajeruhiwa. Kwa bendi ya kiraia, huo ungeweza kuwa mwisho. Lakini hawa walikuwa askari. Majeruhi walitibiwa na kurudi kikosini, na bendi ikapangwa upya. Mwaka 1977 walitoa wimbo "Charonyi ni Wasi", ulioimbwa kwa Kitaita, na ukapendwa na watu ambao hawakujua neno moja la lugha hiyo. Miaka mitano ilipita kati ya ajali na ushindi huo. Bendi ya kiraia haingepata miaka mitano ya kungoja; njaa ingewatawanya mapema. Bendi ya kambini ina mshahara, ina bweni, ina chumba cha mazoezi, na juu ya yote ina amri ya kukusanyika kesho.

Kifoto aliiongoza bendi hiyo hadi kifo chake Julai 2011. Kwa miaka yote hiyo waimbaji walikuja na kuondoka, wengine kwa uhamisho, wengine kwa kustaafu, nyimbo zikaimbwa kwa Kiswahili na kwa lugha mbalimbali za Kenya, na jina la Maroon likabaki.

YANAYOBAKI

Tukiviweka visa hivi pamoja, tunaona kwamba bendi iliyovuka salama ilikuwa na mambo manne.

La kwanza ni safu isiyotawanyika. AC/DC ilikuwa na ndugu wawili wenye magitaa, Sikinde ilikuwa na Enoch, Maroon ilikuwa na Kifoto. Mwimbaji mpya huhitaji ukuta wa kuegemea. Ukimbadilisha mwimbaji, na mpiga solo, na mkuu wa bendi kwa wakati mmoja, hiyo si bendi ile ile hata kama jina limeandikwa kwenye ngoma kubwa.

La pili ni ruhusa ya kuwa mtu mwingine. Mwimbaji mpya akilazimishwa kuiga, hata akifaulu atasifiwa kwa kuwa kivuli. Nyimbo za zamani inapasa azijue zote, kwa kuwa mashabiki watazidai. Lakini apandishiwe au ashushiwe sauti ya wimbo kulingana na koo lake, asisukumwe kufikia mahali ambapo mwenziwe alifika kwa urahisi. Na katika kazi ya kwanza ya kurekodi, apewe nyimbo zilizotungwa kwa ajili yake.

La tatu ni kumbukumbu iliyoandikwa na kurekodiwa. Katika bendi nyingi zetu, mpangilio wa nyimbo huishi vichwani mwa watu wawili au watatu. Wakifa, umekufa. Daftari la maneno, kanda za mazoezi, maandishi ya noti kwa wapiga matarumbeta, vyote hivi ni silaha za bendi, na vinastahili kutunzwa kama bunduki zinavyotunzwa, kwa orodha na kwa ukaguzi.

La nne ni kumuaga aliyetoka. Johnson alipozuiwa na madaktari mwaka 2016 kuimba kwenye viwanja kwa sababu ya masikio yake, bendi ilimpa nafasi mwimbaji mwingine mashuhuri, Axl Rose, akamalizia safari. Johnson alirudi, na mwaka 2020 wakatoa santuri nyingine, Malcolm Young akiwa amekwisha kufariki mwaka 2017 na nafasi yake ikishikwa na Stevie Young, mtoto wa kaka yake. Waliotangulia hawakutukanwa, na waliofuata hawakuonewa haya. Mashabiki hulisoma jambo hilo haraka kuliko wakubwa wa bendi wanavyodhani.

Bendi za Jeshi na za Polisi zina nafasi nzuri zaidi ya kuyatimiza haya kuliko bendi yoyote ya kiraia. Mwimbaji wa kiraia huondoka usiku na kesho haonekani. Askari huondoka kwa barua yenye tarehe. Tarehe hiyo ikijulikana, yawezekana kumweka kijana karibu na mkubwa wake miezi sita kabla, aimbe naye sauti ya pili, ajifunze nyimbo moja moja, na siku ya kuagana wapande jukwaani wote wawili. Makabidhiano ya namna hiyo hayagharimu fedha. Yanagharimu unyenyekevu wa anayeondoka na usikivu wa anayekuja.

Hapa Rwanda tunalijua vyema tendo la kuanza upya kutoka katika pengo. Baada ya 1994, nyimbo za zamani, zile ziitwazo karahanyuze, hazikuachwa zife. Wakongwe waliosalia, kama Makanyaga Abdul, waliendelea kuziimba. Mimi La Rose, aliyekuwa mwana-Impala, alishiriki kulifufua jina la bendi hiyo. Katika kumbi za Kigali, usiku wa muziki wa igisope, vijana waliozaliwa baada ya Sebanani kuuawa wamezisimamia nyimbo zake mbele ya watu waliomsikia akiwa hai. Mwaka 2014 ilianzishwa shule ya muziki huko Nyundo, wilayani Rubavu, ambako kizazi kipya kilianza kufundishwa kwa utaratibu mambo ambayo zamani yalipokewa kwa kukaa karibu na mkubwa.

Vijana hao hawakukabidhiwa na mtu. Walizisikiliza kanda, wakawauliza wazee, wakaunganisha vipande. Ni kazi ngumu kuliko ya Brian Johnson, kwa sababu yeye alikuta bendi nzima ikimngoja, ilhali wao walikuta kumbukumbu tu. Ndiyo maana bendi iliyo na watu wake wote leo, iwe ya kambini au ya mtaani Nyamirambo, isingoje msiba au barua ya uhamisho. Mwimbaji wa pili na aitwe leo mazoezini, apewe daftari, na wimbo wa kwanza aanze kuimba mwenyewe wakati mkubwa wake angali amekaa pale mbele akisikiliza.